Penzi Lililokuja Baada ya Harusi

Mama anawasili Tokyo kutoka mashambani akiwa na msichana. Amepata habari njema: mwanawe, Nomoto, amemaliza chuo kikuu na sasa ana kazi nzuri mjini. Amemletea mchumba wake ili harusi isicheleweshwe. Kumbe kazi yenyewe haipo. Kijana alidanganya kwa kuona haya, na sasa aibu imemfuata hadi mlangoni. Ndoa inafungwa hivyohivyo, mama anarudi zake kijijini, na kila asubuhi bwana harusi anavaa suti, anamuaga mke wake, kisha anakwenda kupoteza siku bustanini.

Filamu hii inaitwa "Daigaku wa deta keredo", yaani "Chuo Nimemaliza, Lakini…". Yasujiro Ozu aliiongoza mwaka 1929 katika studio za kampuni ya Shochiku, mtaa wa Kamata, Tokyo. Bibi harusi, Machiko, aliigizwa na Kinuyo Tanaka, ambaye alikuwa hajatimiza miaka 20. Filamu haina sauti. Siku inapombidi Nomoto kuungama kwa mkewe, anachukua jarida la Sunday Mainichi na kumwonyesha jalada. Jina hilo, likisomwa neno kwa neno, ni "Jumapili Kila Siku". Machiko anaelewa: kwa mumewe hakuna Jumatatu ya kwenda kazini. Mwanamume ameshindwa kutamka jambo, akaliachia gazeti limsemee.

Yanayofuata ndiyo yanayonifanya niirudie filamu hii. Machiko hamlilii mama mkwe, wala hafungi virago. Anatafuta kazi ya kuhudumu kwenye mkahawa, bila kumwambia mumewe. Mikahawa ya Tokyo ya wakati huo iliajiri wasichana wa kuwamiminia wateja vinywaji na kuwachangamsha, na mke wa msomi hakutarajiwa kuonekana humo. Nomoto anamkuta. Kwanza anawaka kwa hasira, halafu hasira inamgeukia mwenyewe. Anarudi kwenye ofisi aliyokuwa ameikataa kwa dharau, kwa kuwa walimpa nafasi ya kukaa mapokezi, na safari hii anaipokea kwa unyenyekevu. Mkuu wa kampuni anamweleza kwamba ulikuwa mtihani tu, na anampa kazi inayolingana na elimu yake. Mwisho huo ni mwepesi mno, nakiri, lakini uzito wa filamu haumo mwishoni. Umo kati ya jalada la jarida na mlango wa mkahawa, pale ambapo watu wawili waliounganishwa na familia wanaanza kuoneana huruma.

Katika filamu iliyozidi saa moja, zimesalia dakika kama 11 tu. Sehemu nyingine tunaijua kwa maandishi ya hadithi yake. Hata hivyo vipande hivyo vinatosha kuonyesha jambo ambalo watazamaji wa leo, tuliozoea filamu za mahaba ya macho kukutana na moyo kuruka, tunaweza kulipita bila kuliona. Hakuna tukio la kupendana humu. Hakuna anayetangaza. Penzi linaingia nyumbani kama mtu wa nyumbani, bila kubisha hodi, na ukirudisha filamu nyuma kutafuta lilipoingia huoni mahali. Nadhani sinema bubu ya Japani ililielewa penzi la namna hii kuliko sinema nyingine yoyote ya zama zake, na sababu zake ni za sheria, za biashara na za ufundi wa kamera kwa pamoja.

Tuanze na ndoa zenyewe. Kwa Sheria ya Madai ya mwaka 1898, ndoa nchini Japani ilikuwa jambo la nyumba mbili kabla ya kuwa jambo la watu wawili. Mkuu wa ukoo alipaswa kuridhia. Mwanamume aliye chini ya miaka 30 na mwanamke aliye chini ya miaka 25 walihitaji pia idhini ya wazazi. Mke alipoolewa aliingia katika daftari la ukoo wa mumewe, na mali aliyokuja nayo ilisimamiwa na mume. Kwa desturi mshenga, anayeitwa nakodo, alipeleka picha na sifa za kila upande. Kisha vijana wakakutanishwa mara moja au mbili mbele ya wazazi, katika kikao kiitwacho miai, wakinywa chai na kutazamana kwa wizi. Zikafuata zawadi za posa, na siku ya arusi bibi na bwana wakanywa sake kwa zamu kutoka vikombe vitatu. Uchunguzi uliofanywa baadaye na serikali ya Japani ulionyesha kwamba karibu asilimia 70 ya waliooana katika miaka ya 1930 walikutanishwa kwa njia hiyo. Ndoa za kujichagulia zilikuja kuzipita katika miaka ya 1960.

Si kwamba watu hawakulalamika. Mwaka 1921 Hakuson Kuriyagawa, profesa wa fasihi wa Kyoto, alichapisha katika gazeti la Asahi mfululizo wa makala kuhusu mapenzi ya kisasa. Alishikilia kwamba penzi ndilo msingi pekee wa haki wa ndoa, na makala hizo zilipotoka kama kitabu mwaka uliofuata kiligombaniwa madukani. Oktoba ya mwaka huohuo wa 1921, mshairi Byakuren Yanagiwara, binamu wa mfalme, alimwacha mumewe, tajiri wa makaa ya mawe ambaye ndugu zake walikuwa wamemwoza kwake, akaenda kwa kijana msomi aliyempenda. Barua yake ya kumwacha mume ilichapishwa gazetini nchi nzima ikaisoma. Sheria ya jinai ilimpa mume haki ya kumshtaki mke kwa uzinzi, kosa la kifungo cha hadi miaka 2, wakati mke hakuwa na haki kama hiyo dhidi ya mume. Yule tajiri hakuitumia, na hiyo nayo ikawa habari.

Kwa hiyo mtazamaji wa Kijapani aliyeketi ukumbini katika miaka ya 1920 alikuwa na hoja mbili kichwani. Magazeti yalimwambia kwamba ndoa isiyo na penzi ni utumwa. Nyumbani kwake baba na mama walikuwa wamekutanishwa na mshenga, na walau baadhi ya siku walionekana kupendana. Sinema iliishi katika nafasi hiyo katikati.

Hadithi iliyotangulia zote ni "Hototogisu", riwaya ya Roka Tokutomi iliyotoka gazetini kuanzia 1898 na ambayo sinema bubu iliirudia mara nyingi. Namiko ni binti wa jenerali, Takeo ni baroni kijana na ofisa wa jeshi la majini. Ndoa yao ni ya hadhi kwa hadhi, kama zilivyokuwa ndoa za tabaka lao, lakini hadithi inapoanza tayari wamependana. Wako fungate huko Ikaho, penye chemchemi za maji moto, wanakwenda mlimani kuchuma mboga za porini. Hapo hakuna mvutano hata kidogo, na msomaji mwepesi wa kuchoka angeweza kuuliza kisa kiko wapi. Kisa kinakuja na kifua kikuu. Namiko anaugua, Takeo anaitwa baharini, na mama yake anatumia nafasi hiyo kumrudisha mkamwana kwao, kwa hoja kwamba ugonjwa utaufuta ukoo. Mume hayupo hata kuulizwa. Baadaye wawili hao wanaonana mara ya mwisho kupitia madirisha ya treni mbili zinazopishana. Mke anarusha leso, treni zinakwenda.

Msingi wa riwaya hiyo ulikuwa msiba wa kweli. Nobuko, binti wa Jenerali Iwao Oyama, aliolewa mwaka 1893 katika ukoo wa Mishima, akapatwa na kifua kikuu, akaachwa, akafariki mwaka 1896 akiwa na miaka 20 hivi. Mwandishi alimchora mama wa kambo kama mtu baridi, jambo ambalo kwa Sutematsu Oyama, mama wa kambo halisi, lilikuwa dhuluma aliyoibeba kwa miaka mingi.

Tazama adui yuko wapi katika hadithi hiyo. Hayuko kwa mshenga. Ndoa ya kupangwa imezaa penzi bila taabu, kisha taasisi ileile iliyoipanga, ukoo, inaivunja. Hicho ndicho kilichowaliza watazamaji: waliona kwamba penzi ndani ya ndoa yao lilikuwa halali, lakini halikuwa na kura. Kuanzia hapo melodrama ya Kijapani ilikuwa na kazi moja kubwa, kumleta mama mkwe mlangoni, na kwa miaka mingi haikuchoka kuifanya.

Kwenye skrini, hata hivyo, kulikuwa na kikwazo. Katika filamu za mwanzo Namiko aliigizwa na mwanamume. Sinema ilirithi kutoka jukwaa la kabuki na la shimpa waigizaji wa kiume wenye ujuzi wa kuigiza wanawake, na kamera ilisimama mbali, mahali pamoja, kama mtazamaji aliyelipia kiti cha katikati. Waigizaji hao hawakuwa wabaya. Teinosuke Kinugasa, ambaye baadaye angekuwa mwongozaji mkubwa, alianza kwa kuvaa kimono cha kike katika kampuni ya Nikkatsu. Lakini ishara zao zilikuwa za jukwaani, kubwa, za kuonekana na mtu wa kiti cha nyuma. Machozi yangeweza kuonyeshwa hivyo. Mazoea ya mke na mume hayawezi, maana mazoea ni vitu vidogo.

Mambo yaligeuka mwaka 1920, Shochiku ilipofungua studio ya Kamata na kuajiri wanawake. Sumiko Kurishima, nyota wa kwanza wa kike aliyependwa nchi nzima, alimwigiza Namiko mwaka 1922 chini ya mwongozaji Yoshinobu Ikeda, ambaye alikuwa mumewe. Kamera ilianza kusogea karibu na uso. Ukishaweza kuuona uso wa mke wakati mume hamtazami, umepata njia ya kusimulia ndoa.

Kilichobaki kilisaidiwa, bila kukusudia, na wakaguzi. Tangu 1925 Wizara ya Mambo ya Ndani ilikagua filamu zote kwa kanuni moja ya nchi nzima, na busu halikupita. Filamu za Marekani zilikatwa pale midomo ilipokaribiana, na wapenzi waliokuwa wakisogeleana ghafla wakawa wanaachana. Kabla ya hapo, polisi wa Tokyo walikuwa wamekwisha kuamuru mwaka 1917 kwamba wanaume na wanawake wakae mbalimbali ukumbini, na sehemu yake iwepo ya watu wa familia moja. Busu la kwanza lililotangazwa kama busu katika filamu ya Kijapani lilisubiri hadi 1946, baada ya vita, chini ya utawala wa Wamarekani. Kwa muda wa kizazi kizima, basi, mwongozaji aliyetaka kuonyesha kwamba mke anampenda mumewe alilazimika kumtafutia mke huyo kitu cha kufanya kwa mikono. Mume anarudi kazini, anavua koti na kuliacha lianguke; mke analiokota, analipangusa, analikunja. Siku akilikunja polepole kuliko jana, mtazamaji amepata habari.

Tena ukumbini hapakuwa kimya. Kando ya skrini alisimama benshi, msimulizi aliyewasemea wahusika wote, akaeleza mandhari na kuongeza maoni yake. Aliyekulia kwenye vibanda vya video Kenya au Tanzania, akitazama filamu ya mapigano huku DJ Afro akiwasemea mashujaa kwa Kiswahili, hahitaji kuelezwa sana. Tofauti ni kwamba benshi alikuwepo mwenyewe ukumbini kila onyesho, akiwa na leseni ya serikali. Katika miaka ya 1920 walifika karibu 7,000. Wengine, kama Musei Tokugawa, walivuta watu kuliko nyota wa filamu yenyewe.

Uwepo wa benshi ulikuwa na faida ya pekee kwa hadithi za ndoa. Mume wa Kijapani wa 1925 asingemwambia mkewe "nakupenda", na mwandishi wa maandishi ya kwenye skrini asingethubutu kumwandikia hivyo, kwani ukumbi wote ungecheka. Lakini mtu wa tatu angeweza kusema yaliyomo kifuani mwake kwa sauti ya kutetemeka, na mume akabaki na heshima yake ya ukimya. Hasara ilikuwa kwamba benshi mpenda maneno angeweza kuuzika muda mtulivu kabisa chini ya hotuba. Waongozaji wa Kamata walianza kutengeneza picha zinazojieleza zenyewe, ili msimulizi asipate pengo la kujaza. Ukitazama filamu za Ozu za wakati huo bila msimulizi wala muziki, kama wanavyozionyesha baadhi ya watunza kumbukumbu, hukosi kitu.

Shiro Kido, aliyechukua uongozi wa Kamata mwaka 1924, alikuwa mfanyabiashara mwenye jicho. Aliwalenga wanawake, kwa hesabu kwamba mwanamke haji sinema peke yake: huja na dada, shoga au mchumba, na akitoka husimulia. Alitaka hadithi za watu wa kawaida, zenye kicheko na chozi kwa kipimo. Chini yake mama mkwe hakutoweka, lakini alianza kumpisha adui mwingine aliyeingia kila nyumba ya mjini baada ya 1929, yaani ukosefu wa kazi. Kwa ndoa ya kupangwa hilo lilikuwa badiliko kubwa. Mama mkwe akija, mke na mume wanatenganishwa. Mshahara ukikatika, wanabanwa chumba kimoja na kulazimika kujuana.

Nomoto na Machiko walikuwa mwanzo wa mkondo huo. Kilele chake, kwa maoni yangu, ni "Tokyo no korasu" ("Kwaya ya Tokyo"), ambayo Ozu aliitoa Agosti 1931. Shinji Okajima ni karani wa kampuni ya bima. Siku ya bonasi anamtetea mzee mmoja aliyefukuzwa kazi kwa sababu wateja aliowakatia bima walikufa upesi mno. Ugomvi na bosi unaanza kwa kusukumana kwa vipepeo vya mkononi, na Shinji anafukuzwa naye. Ana watoto, na mwanawe aliahidiwa baiskeli. Kisha binti mdogo, anayeigizwa na Hideko Takamine akiwa mtoto wa miaka 7, anaugua na kulazwa hospitalini. Bili inalipwa. Mke, Sugako, anayeigizwa na Emiko Yagumo, haulizi fedha zilitoka wapi.

Binti amepona, wako nyumbani. Sugako anafungua kabati la droo na kukuta kimono zake hazimo. Kabla hajasema neno, watoto wanataka mchezo wa kupiga makofi, na familia nzima inakaa duara kwenye mikeka ya tatami. Mikono inagongana, ya mtoto kwa baba, ya baba kwa mtoto, na mama naye anagonga. Kamera inamfuata usoni. Kwanza kuna mshangao uliogeuka jiwe. Anamtazama mumewe, naye Shinji anatabasamu kama mtu aliyekamatwa, huku akiendelea kupiga makofi kwa ajili ya watoto. Macho ya Sugako yanajaa. Anamtazama binti aliye mzima mbele yake. Mikono haijaacha mchezo wakati wote huo. Halafu, kwa shida, uso unafunguka na anacheka pamoja nao, machozi yakiwa bado yapo.

Ili kuupima mzigo wa droo hiyo, lazima ujue kimono hizo zilikuwa nini. Bibi harusi wa Kijapani aliingia nyumba ya mume na kabati lake la droo likiwa limejazwa na wazazi wake. Ndilo lililobebwa mtaani siku ya harusi watu wakilikagua kwa macho. Ndicho kipande pekee cha makubaliano ya nyumba mbili kilichokuwa chake. Mumewe amekiuza bila kumuuliza. Filamu haisemi kama Shinji na Sugako walikutanishwa na mshenga, na mwaka 1931 haikuwa na haja ya kusema. Kabati limekwisha kusema. Kinachotokea kwenye duara la makofi ni kwamba mkataba wa zamani umeuzwa dukani, na watu wawili wanaangaliana juu ya vichwa vya watoto wakiamua kama kuna kitu kingine kilichobaki kati yao. Kipo. Sugako ndiye anayeamua, na anaamua kwa sekunde chache mbele ya macho yetu.

Sifa yangu kwa Ozu katika tukio hili ni kwamba hamwondolei mke hasira. Mwongozaji mwoga angemfanya atabasamu upesi. Hapa anaachiwa muda wa kumchukia mumewe waziwazi, na kwa sababu hiyo kicheko kinachofuata kinaaminika.

Baadaye kidogo Sugako yumo ndani ya tramu na watoto, anatazama nje na kumwona mumewe barabarani akibeba bango la matangazo ya mkahawa wa wali kwa mchuzi wa bizari, wa mwalimu wake wa zamani. Aibu inamkaba. Nyumbani anamwambia hakutarajia angejishusha hivyo. Shinji anaeleza kwamba mwalimu ameahidi kumtafutia kazi, na Sugako anaamua kwenda kusaidia mkahawani yeye mwenyewe. Hilo ndilo jambo ambalo Machiko alilifanya kwa siri na Sugako analifanya mbele ya watu. Wanafunzi wa zamani wanakusanyika humo, inaingia habari kwamba kazi imepatikana, ya kufundisha Kiingereza shule ya wasichana mkoani, mbali na Tokyo. Mke na mume wanatazamana. Hawafurahi sana. Wanakubaliana.

Mpenzi wa sinema atagundua kwamba Hollywood ya zama hizo ilipiga picha ya mapenzi kwa nyuso mbili zilizoelekeana, moja baada ya nyingine, hadi zikutane. Ozu alianza mapema kuwaweka watu bega kwa bega, katika mkao mmoja, wakitazama upande uleule. Katika "Umarete wa mita keredo" ya 1932, iliyo maarufu zaidi kwa vichekesho vya watoto wake wawili, wavulana wamegundua kwamba baba yao humpigia bosi magoti na wamelala na hasira zao. Baba na mama wanawatazama wakiwa usingizini, wakijiuliza kama wanao nao wataishi maisha hayahaya. Hawashikani mikono. Lakini sijaona filamu ya miaka hiyo iliyoonyesha vizuri zaidi watu wawili waliozoeana hadi wasiwasi wao ukawa mmoja.

Nisije nikaipamba taasisi hii kuliko inavyostahili. Sinema hizi zilimtaka mwanamke avumilie kwanza ndipo apendwe, na sheria ilikuwa upande wa mume katika kila kipengele. Waongozaji wengine wa Kamata ileile hawakuamini kwamba kuishi pamoja huleta penzi. Hiroshi Shimizu, katika "Nanatsu no umi" ya 1931 na 1932, ana msichana Yumie aliyekuwa mchumba wa kijana wa nyumba tajiri, akabakwa na kaka wa mchumba. Anakubali kuolewa na mbakaji huyo, na kuanzia hapo anaitumia ndoa kama fimbo: chumba chake amekifunga, fedha za mume anazitumia kuwatunza ndugu zake. Ndoa imekamilika kisheria na ndani yake hakioti kitu.

Mikio Naruse alikwenda njia nyingine tena. Katika "Kagiri naki hodo" ya 1934, filamu yake ya mwisho bila sauti, Sugiko ni mhudumu wa mkahawa wa Ginza. Mpenzi wake ameitwa na familia arudi kwao kuozwa, wamepanga kukutana, lakini Sugiko anagongwa na gari njiani na miadi inavunjika. Kijana anajiona ameachwa, anakwenda kuoa mke aliyechaguliwa. Mwenye gari ni tajiri, anampenda Sugiko, anamwoa kwa hiari yake bila mshenga wa heshima. Ndoa ya mapenzi, basi. Ndani ya nyumba hiyo mama mkwe na wifi wanamsaga kwa kumkumbusha alikotoka, na mume anampenda kweli huku akishindwa kufungua mdomo kumtetea. Mwishowe, kando ya kitanda cha hospitali alicholazwa mumewe baada ya ajali, Sugiko anawaambia wakwe kwamba walichokipenda wao ni jina la ukoo, kisha anaondoka. Ni hotuba kali kuliko zote ninazozijua katika sinema bubu, na imeandikwa kwenye vibao vya maandishi. Naruse alikuwa ameona kwamba kuchagua mtu hakutoshi kama hukuichagua nyumba yake.

Tungekuwa na mengi zaidi ya kulinganisha kama filamu zingekuwepo. Mapema katika kazi yake Ozu aliichunguza ndoa kama mwanafunzi: "Nyobo funshitsu" ("Mke Amepotea") na "Hikkoshi fufu" ("Mke na Mume Wanaohamahama"), zote za 1928, kisha "Kekkongaku nyumon" ("Utangulizi wa Elimu ya Ndoa") ya 1930. Zote tatu zimepotea. Filamu ya kwanza ya Naruse, "Chanbara fufu" ya 1930, nayo ilihusu mke na mume, na nayo haipo. Tetemeko la Septemba 1923, mabomu ya vita, na utepe wa naitreti unaowaka na kuoza vilikula sehemu kubwa mno ya sinema bubu ya Japani.

Sauti ilikwisha kubisha hodi. Mwezi uleule wa Agosti 1931, kampuni ileile ilitoa "Madamu to nyobo" ya Heinosuke Gosho, filamu ya kwanza ya Kijapani ya kuzungumza iliyofanikiwa kweli, na humo mke ni Kinuyo Tanaka yuleyule, safari hii akisikika akimdekea mumewe kwa sauti ambayo Japani nzima iliipenda. Ozu alisitasita hadi 1936.

Alipoamua hatimaye kumfanya mtu aseme wazi yale ambayo Sugako aliyapiga kwa makofi, ilikuwa 1949, katika "Banshun". Baba mjane anamwambia bintiye anayekataa kuolewa kwamba furaha haianzi siku ya harusi, kwamba huenda ikachukua miaka, na kwamba marehemu mama yake alilia jikoni mara nyingi mwanzoni. Wengi huikumbuka hotuba hiyo kama ukweli mtupu. Mimi nakumbuka pia kwamba baba huyo amemdanganya bintiye, akijifanya yeye mwenyewe anataka kuoa, ili akubali kuondoka. Na bwana harusi, Satake, haonekani kwenye filamu hata mara moja. Tunaambiwa tu kwamba anafanana na Gary Cooper, hasa mdomoni. Shangazi aliyeipanga posa ana wasiwasi mwingine kabisa: kijana anaitwa Kumataro, jina linalomkumbusha jambazi wa mlimani mwenye kifua cha manyoya, na baada ya kulifikiria sana ameamua kwamba yeye atamwita Ku-chan.